Emuleta za konsoli za zamani kwenye laptopu dhaifu za shule: zipi zitakwenda vizuri?

Mwalimu wa Langoni, Lamu

Assalamu alaykum, na hamjambo nyote.

Ninafundisha katika shule moja hapa Lamu, na pamoja na vipindi vyangu ninasimamia chama cha kompyuta kinachokutana Jumamosi asubuhi. Laptopu tulizo nazo ni zile ndogo za plastiki ngumu zinazotengenezwa kwa ajili ya shule: prosesa ni Intel Celeron N3060, RAM ni gigabaiti 4 zilizochomelewa kwenye bodi, na hifadhi ni eMMC ya gigabaiti 32 ambayo zaidi ya nusu yake imekwisha kuchukuliwa na Windows 10. Hazina feni.

Nia yangu ni kuwaonyesha wanafunzi jinsi kompyuta moja inavyoweza kuigiza kompyuta nyingine iliyo tofauti nayo kabisa, kwa programu iitwayo emuleta, kwa sababu somo hili nimeliona likiwafungua macho kuliko maelezo yote ya ubaoni kuhusu prosesa na kumbukumbu. Mtoto aliyezoea gemu za simu, akiona gemu ya 1985 ikienda kwenye laptopu ya shule, kisha akaambiwa kwamba faili yake nzima ni ndogo kuliko picha moja aliyopiga kwa simu ya babake, huanza mwenyewe kuuliza maswali ya maana: picha zote zile zilitoshaje humo, sauti inatoka wapi, na kwa nini mashine mpya haiwezi kuisoma faili hiyo bila msaada wa programu nyingine.

Nimeweka RetroArch, programu inayobeba emuleta nyingi kama moduli, kwenye laptopu moja. Gemu za Famicom (konsoli, yaani mashine ya gemu, ya zamani ya Nintendo) hazina tatizo lolote. Nilipojaribu moduli ya PlayStation ya kwanza, dakika za mwanzo zilikwenda vizuri, kisha sauti ikaanza kukatikakatika na picha ikawa nzito, ingawa sikuwa nimebadilisha chochote katika mipangilio. Ningependa kujua kinachosababisha hali hiyo, na pia ni konsoli za kizazi kipi ambazo ninaweza kuzitegemea darasani kwa mashine kama hizi bila kuwakatisha watoto tamaa. Iwapo kuna mwenye uzoefu wa kutumia mfumo mwingine badala ya Windows, nitashukuru kumsikia.

Fundi wa Maweni, Malindi

Waalaykum salaam, Mwalimu. Laptopu za aina hiyo hupita mezani kwangu mara kwa mara, na zinaweza mengi kuliko watu wanavyozidhania, mradi mtu aelewe zinapochoka na sababu yake.

Famicom ya Nintendo, iliyotoka Japani mwaka 1983, ilikuwa na prosesa ya megahezi 1.79, na Super Famicom ya 1990 ilikuwa na ya megahezi 3.58. Ukilinganisha na gigahezi 1.6 za Celeron yako utadhani nafasi ni tele, lakini emuleta haiigizi prosesa peke yake. Ndani ya konsoli kulikuwa na chipu ya picha, chipu ya sauti na saa za ndani, zote zikifanya kazi kwa wakati mmoja, na sasa programu moja inapaswa kuziigiza zote kwa zamu, ikihakikisha kwamba kila moja imefika pale ilipopaswa kufika kabla ya nyingine kuihitaji, na kuimaliza kazi hiyo yote ndani ya milisekunde 16.7, kwa kuwa gemu za Japani na Marekani huonyesha takriban fremu 60, yaani picha 60, kwa sekunde. Kazi inayotegemeana namna hiyo ni vigumu kuigawanya kati ya viini vingi vya prosesa. Ndiyo sababu kasi ya kiini kimoja huamua karibu kila kitu, na hapo ndipo N3060 ilipo dhaifu.

Kwa hiyo uchaguzi wa emuleta una uzito mkubwa kuliko uchaguzi wa konsoli. Chukua Super Famicom kama mfano. Emuleta ya bsnes iliandikwa kwa lengo la kuiga mashine ile kwa usahihi wa hali ya juu kabisa, na katika mpangilio wake wa usahihi kamili ilihitaji prosesa ya takriban gigahezi 3, ijapokuwa konsoli yenyewe haikufika hata megahezi 4. Snes9x hupita njia za mkato ambazo mchezaji hazitambui katika gemu nyingi, na hivyo inakwenda kwenye laptopu zako bila kusita. Ndani ya RetroArch utaikuta pia Snes9x 2010, ambayo ni toleo la zamani lililo jepesi zaidi. Uangalifu unahitajika kwa gemu chache ambazo kaseti zake zilibeba chipu ya ziada, kama vile Star Fox iliyokuwa na Super FX, kwa sababu hapo emuleta inaongezewa prosesa ya pili ya kuigiza.

Mega Drive ya Sega na Game Boy za kila aina zitakwenda vizuri. Kwa Mega Drive tumia Genesis Plus GX, na ukiona uzito hamia PicoDrive. Kwa Game Boy Advance, mGBA inatosha, na ina faida nyingine kwa shule: ina BIOS (programu ya msingi iliyokuwa ndani ya konsoli) yake mbadala iliyoandikwa upya, kwa hiyo huhitaji kutafuta faili ya Nintendo.

PlayStation ya kwanza iko mpakani. Prosesa yake ilikuwa ya megahezi 33.87, na mtu akiigiza kila agizo lake moja moja, yaani kulisoma, kulitambua, kulitekeleza na kurudi kusoma jingine, Celeron itaelemewa. Emuleta nzuri huchukua fungu zima la maagizo, huligeuza mara moja kuwa maagizo ya prosesa ya laptopu, hulihifadhi kwenye kumbukumbu, na fungu hilo likihitajika tena hulitekeleza moja kwa moja bila kurudia kazi ya kulitambua. PCSX ReARMed hufanya hivyo, na iliandikwa kwa kufikiria vifaa dhaifu tangu mwanzo. Iache ichore picha kwa ukubwa ule ule wa asili wa konsoli, usiiongezee.

Nintendo 64 sikushauri uijengee somo, kwani gemu moja itakwenda na ya pili itakwama. PSP, konsoli ya mkononi ya Sony, kwa kutumia emuleta ya PPSSPP inajitahidi sana, hasa katika gemu zisizo na mandhari mazito, ukiiacha kwenye ukubwa wa picha wa asili na kuiruhusu iruke fremu moja moja. PlayStation 2 na GameCube ziache kabisa.

Sasa nije kwenye hilo la kuanza vizuri na kuchoka baadaye. N3060 imeundwa kwa bajeti ya joto ya wati 6. Ikiwa baridi, hupanda yenyewe hadi gigahezi 2.48, na hiyo ndiyo kasi uliyoiona katika dakika za mwanzo. Kwa kuwa hakuna feni, joto linatoka kupitia bamba dogo la chuma na mwili wa plastiki, na bamba likishajaa, prosesa hujirudisha chini ili isiungue. Gemu ya Famicom haitatambua, kwa sababu haikuhitaji kasi yote ile. PlayStation itatambua mara moja, na dalili ya kwanza huwa ni sauti, kwa sababu akiba ya sauti inapokauka kabla emuleta haijatengeneza nyingine, spika hutoa mikwaruzo hata kama macho bado hayajaona picha ikikwama.

Unaweza kuthibitisha mwenyewe. Washa gemu katika dirisha dogo badala ya skrini nzima, bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, fungua ukurasa wa utendaji, na utazame namba ya kasi ya prosesa chini ya mchoro. Utaiona ikianza juu ya gigahezi 2, na kadiri chini ya laptopu panavyopata joto itashuka polepole hadi karibu na 1.6. Kisha inua laptopu kwa vijiti viwili vya mbao ili hewa ipite chini yake, ielekeze kwenye feni ya dari au dirisha la upande wa kaskazi, na utazame tena. Katika darasa lenye paa la mabati wakati wa jua kali, tofauti ni kubwa kuliko ile inayoletwa na mpangilio wowote wa programu. Laptopu iliyowekwa juu ya mkeka au kitambaa cha meza haina pa kupumulia kabisa. Iunganishe pia na chaja, kwa sababu Windows huipunguzia prosesa kasi inapotumia betri.

Ndani ya RetroArch zima uwezo wa kurudisha gemu nyuma, zima ule wa kukimbia mbele kwa fremu ili kupunguza ucheleweshaji (huo huifanya prosesa itekeleze kila fremu zaidi ya mara moja), ondoa vichujio vyote vya picha, na ubadilishe menyu iwe ile nyepesi inayoitwa rgui. Muda wa akiba ya sauti ambao kwa kawaida ni milisekunde 64 upandishe hadi 128. Wachezaji wenye umakini watahisi sauti imechelewa kidogo, lakini mikwaruzo itapungua.

Mzazi, Shela

Mwalimu, pongezi kwa kazi hiyo. Nina mtoto katika chama kama hicho, na kwa kuwa kazi yangu inahusu mikataba ningependa kuongeza jambo ambalo halijatajwa, maana shule ikishikwa kwa hilo, mradi wote utafungwa.

Emuleta yenyewe si kitu haramu. Huko Marekani suala hilo lilifika mahakamani katika kesi ya Sony dhidi ya Connectix, na mwaka 2000 mahakama ya rufaa iliamua kwamba kuichunguza BIOS ya PlayStation kwa ajili ya kuandika emuleta huru kulikuwa matumizi ya haki, yaani hakukuvunja hakimiliki. Gemu zenyewe ni jambo tofauti. Hapa Kenya programu za kompyuta zinalindwa na Sheria ya Hakimiliki ya 2001, na umri wa gemu hauifanyi kuwa mali ya umma. Gemu ya 1985 bado ina mwenyewe. Faili zinazogawiwa bure mitandaoni kwa wingi hazina ruhusa ya wenyewe, na mwalimu anayezipakua mbele ya darasa anawafundisha watoto jambo jingine bila kukusudia.

Kwa bahati njema, kuna watu wanaoandika gemu mpya kwa ajili ya konsoli hizo za zamani na kuzitoa bure kwa hiari yao. Kwa Game Boy kuna Tobu Tobu Girl, ambayo hata msimbo wake uko wazi. Kwa konsoli ya Nintendo ya biti 8, ile Famicom, kuna Nova the Squirrel, na kwa Game Boy Advance kuna Anguna. Zinatosha kabisa kwa somo ulilolieleza. Nakusihi pia upate kibali cha mwalimu mkuu kwa maandishi kabla ya kuweka programu yoyote, kwa sababu laptopu ni mali ya shule, na akija mwalimu mwingine baada yako atahitaji kujua ni nani aliyeruhusu.

Mwalimu wa Langoni, Lamu

Ahsanteni sana. Mama wa Shela, kibali cha mdomo ninacho, na nitakiomba kwa maandishi wiki hii. Gemu ulizozitaja nitazipakua na kuanza nazo.

Ndugu Fundi, nimeitazama ile namba kama ulivyoelekeza na maelezo yako yamethibitika: ilianza juu ya gigahezi 2.3 na ikashuka huku nikiiangalia, na sauti ilianza kukwaruza muda mfupi baada ya kushuka. Kuinua laptopu kumesaidia. Hata hivyo nimeamua kwamba PlayStation nitaionyesha kwenye laptopu moja tu, mbele ya wote, na wanafunzi watafanyia kazi Game Boy. Namba ile inayoshuka imewavutia wawili niliowaonyesha kuliko hata gemu yenyewe, na ninafikiri kuifanya sehemu ya somo: waandike kasi kila baada ya muda fulani na kuchora grafu.

Limebaki suala la nafasi. Windows ikijisasisha, diski hujaa na laptopu huwa nzito hata kwa kuandika barua.

Kijana wa Watamu

Shikamoo Mwalimu, na shikamooni wakubwa wote.

Kuhusu nafasi, ningependekeza usiiguse eMMC hata kidogo. Kuna mfumo unaoitwa Lakka, ambao ni Linux iliyopunguzwa hadi ikabaki na RetroArch peke yake. Huandikwa kwenye flashi, laptopu ikaanzishwa kutoka kwenye flashi hiyo, na ukiitoa mashine hurudi kwenye Windows kama ilivyokuwa. Kwa kuwa hakuna masasisho wala programu za nyuma zinazoendelea, prosesa yote inabaki kwa ajili ya emuleta. Ukiona chaguo lolote la kusakinisha kwenye diski ya ndani, likatae, maana litafuta kila kitu. Huenda ukalazimika kuingia kwenye BIOS ya laptopu, yaani mipangilio yake ya kuanzia, na kuzima ulinzi wa uanzishaji (Secure Boot). Baadhi ya laptopu za shule zimefungwa kwa nywila hapo, na nywila hiyo awe nayo msimamizi.

Lakini kwa kuwa Mwalimu amekwisha kuamua kutumia Game Boy, ninaomba nitaje GB Studio, ambayo naiona ina faida kubwa zaidi kwa chama chako. Ni programu ya bure iliyotolewa mwaka 2019, inayomwezesha mtu kutengeneza gemu kamili ya Game Boy kwa kupanga picha, wahusika na matukio bila kuandika msimbo. Si nyepesi, na kwenye N3060 itakwenda polepole, kwa hiyo iweke kwenye kompyuta moja yenye nguvu zaidi, kama ipo ofisini. Kinachotoka ni faili ndogo ambayo laptopu zote zitaiendesha bila shida.

Mipaka ya mashine ndiyo inayofundisha. Skrini ya Game Boy ina nukta 160 kwa 144 na rangi nne tu za kijivu. Picha ya nyuma imegawanywa katika vigae vya nukta 8 kwa 8, ambavyo kwa skrini nzima ni 360, lakini GB Studio inakuruhusu vigae 192 tu vilivyo tofauti katika picha moja ya kawaida. Mtoto akitaka kuchora barabara ya mbele ya mji wa Lamu, yenye jahazi, gati na ukuta wa nyumba za mawe, atagundua kwamba hawezi kuchora kila jiwe peke yake. Itambidi atengeneze jiwe moja zuri alirudie, wimbi moja alirudie, na kuweka akiba ya vigae kwa ajili ya tanga, ambalo halirudiwi. Waundaji wa gemu wa wakati ule walikuwa na tatizo lile lile. Na kwa kuwa herufi za Kiswahili zote zimo katika fonti ya kawaida ya programu hiyo, mazungumzo ya wahusika yanaweza kuandikwa kwa Kiswahili, au hata Kiamu, bila kubadilisha chochote.

Fundi wa Maweni, Malindi

Kaka wa Watamu amesema vyema kuhusu GB Studio. Kuhusu Lakka ninatofautiana naye kidogo, kwa sababu mbili. Flashi za bei rahisi zinazouzwa madukani kwetu huharibika upesi zinapotumiwa kama diski ya mfumo, na umeme ukikatika wakati betri ni mbovu, kazi iliyohifadhiwa humo inaweza kupotea. Aidha, katika Lakka Mwalimu hatapata lile dirisha la kasi ya prosesa ambalo ameamua kulifundishia. Kwa gemu za Game Boy, Windows haitakuwa kikwazo. Safisha masasisho ya zamani kwa zana ya Windows yenyewe ya kusafisha diski, hamishia faili za wanafunzi kwenye flashi au kadi ya kumbukumbu, na eMMC itapata nafuu. Lakka iwe ya ile laptopu moja ya PlayStation, uitoe flashi unapotaka kuonyesha ile namba ya kasi, na ununue flashi nzuri.

Mwalimu wa Langoni, Lamu

Nimekubali. Swali langu la mwisho: wanafunzi wawili wakicheza kwa kibodi moja, mara nyingine mmoja hubonyeza na mhusika wake hasogei. Je, ni emuleta?

Fundi wa Maweni, Malindi

Hapana, hiyo ni kibodi. Kibodi nyingi za laptopu zimeunganishwa kwa mistari na safu za nyaya, si waya mmoja kwa kila kitufe, na vitufe vitatu au zaidi vinavyokutana kwenye nyaya zile zile vikibonyezwa pamoja, kibodi hushindwa kutofautisha na hutupa kimoja. Vitufe vya Shift, Ctrl na Alt kwa kawaida haviathiriki, kwa hiyo kwenye mipangilio ya RetroArch mpe mchezaji wa kwanza Shift na Ctrl za kushoto kuwa vitufe vya kuruka na kupiga, na wa pili zile za kulia. Ukiweza kupata padi moja ya USB, tatizo litakwisha kabisa, kwa kuwa mmoja atabaki na kibodi peke yake.